UZI: Pembe za ndovu zilibebwa na watumwa au na wapagazi wa kulipwa? Vitabu vinasema hivi, wazee wetu vile

#1 Mjukuu wa Kisesa

Wakuu, habari za jioni.

Mwanangu yuko kidato cha pili. Juzi kaniletea daftari la historia nimkague. Limeandikwa kwamba watumwa walibeba pembe za ndovu kutoka bara hadi pwani, wakifika pembe inauzwa na aliyeibeba anauzwa. Chini yake kachora watu wamefungwa kongwa shingoni, kila mmoja na pembe begani.

Nimekaa na lile daftari muda mrefu. Kwetu Kisesa, hapa Mwanza, tumekua tukisikia kwamba babu yake babu alikwenda pwani mara tatu. Alikwenda, hakupelekwa. Mavuno yakishaingia ghalani anaondoka na vijana wenzake, anarudi na vitambaa, vitambaa vinageuka ng'ombe, na zizi la ukoo likaanzia hapo. Marehemu bibi yangu aliweza kuimba wimbo mmoja wa njiani. Unalalamikia mzigo na tajiri mchoyo wa posho. Mnyororo haumo.

Sasa nimwambie nini mtoto? Mwalimu wake kakosea, au ukoo wetu umejipamba? Naomba wanaovijua vitabu wavitaje. Nataka kitabu kinachonionyesha yule mtu akifanya kazi: alibeba nini, alilipwa nini, alikula nini, na alipochoka nani alimjali.

#2 Mwaloni Kirumba

Naweka kambi hapa. Uzi kama huu ulikuwa umechelewa.

#3 Mwalimu wa Nyegezi

Mkuu, anza na Stephen Rockel, *Carriers of Culture*, cha mwaka 2006. Kinawahusu wapagazi wa karne ya 19. Hoja yake ni kwamba misafara ya njia ya kati, ile ya Bagamoyo, Tabora hadi Ujiji, ilibebwa zaidi na watu huru waliouza nguvu zao kwa ujira, Wanyamwezi na Wasukuma wakiwa mstari wa mbele. Walikuwa na utaratibu wao wa kazi. Kuna kirangozi anayetangulia. Mzigo wa kawaida ulikuwa karibu frasila mbili, yaani kilo 32 hivi. Ukizidishwa, watu wanautua chini na msafara unasimama. Posho ikipunjwa, asubuhi tajiri anakuta kambi nusu.

Fikiria pia kwa akili ya mfanyabiashara. Pembe ni mali ghali. Ukimtwika mateka mwenye njaa na vidonda vya kongwa, ambaye jicho lake lote liko porini akitafuta pa kukimbilia, utafika nayo wapi? Mtu anayejua njia, aliyekwenda mwaka jana na anayetaka kwenda mwaka kesho, ndiye wa kukabidhiwa.

Kwa hiyo babu yako simshangai hata kidogo. Wapo makumi ya maelfu kama yeye.

#4 Mzee wa Pamba

Mwalimu, heshima kwako, lakini hilo neno "huru" umelitoa haraka mno. Ujira wenyewe ulikuwa vitambaa vya merikani na kaniki, shanga na waya. Nani aliyepanga bei ya kile kitambaa? Mtu akienda miezi mitatu na kilo 32 begani, akarudi na vitambaa, wengine wakafia njiani kwa ndui, mimi siko tayari kushangilia kwa sababu tu hakufungwa.

Na tusisahau kwamba watumwa wa kubeba walikuwepo pia. Matajiri wa pwani walikuwa na watu wao kwenye misafara.

#5 Mwalimu wa Nyegezi

Kweli, Mzee, na hili narekebisha: Rockel mwenyewe hakatai kwamba walikuwepo. Anachokataa ni picha ya mstari mmoja mrefu wa mateka na pembe. Hata baadhi ya watumwa wa pwani walipewa ruhusa ya kujiajiri kwenye misafara, kisha sehemu ya ujira ikaenda kwa bwana wao. Mpaka kati ya hawa na wale haukuwa ukuta.

#6 Nyakahoja Kijana

Si ndiyo maana Bagamoyo ikaitwa Bagamoyo? Bwaga moyo. Mtumwa akifika pale anauacha moyo wake, anajua kwao harudi tena. Ushahidi upo kwenye jina.

#7 Kirangozi

Hapo ndipo penye vita kijana wangu. Wengine wanasema maneno hayohayo ni ya mpagazi: amefika, anatua mzigo, anabwaga moyo, anapumzika. Jina moja lina kilio ndani yake, na lina raha ndani yake. Ukitaka kulitumia kama ushahidi, kwanza utuambie nani aliyelitamka.

Na kingine. Watumwa wengi walioingia Zanzibar hawakupita Bagamoyo. Walitoka upande wa Ziwa Nyasa na kupitia Kilwa. Abdul Sheriff ameieleza biashara ile vizuri kwenye *Slaves, Spices and Ivory in Zanzibar*, cha 1987. Njia yetu ya kati ilikuwa zaidi ya pembe.

#8 Nyakahoja Kijana

Sawa mkuu, nimekubali kuhusu Kilwa. Kuhusu jina bado nakaza.

#9 Binti Ukerewe

Naomba niseme jambo ambalo huku kwetu visiwani halisemwi kwa sauti.

Mnazungumza kana kwamba swali ni moja tu, aliyebeba pembe alikuwa huru au hakuwa. Mimi nauliza: yule mpagazi alipokuwa njiani, shamba lake lililimwa na nani?

Hili liko kwenye vitabu. Jan-Georg Deutsch ameandika *Emancipation without Abolition*, cha 2006, kuhusu utumwa chini ya Wajerumani, na Unyamwezi imo kwa kirefu. Faida ya pembe iliingiza watu bara. Wanaume wanaenda pwani, wanarudi na mali, mali inanunua watu, na wengi wa hao walikuwa wanawake na watoto. Wakapewa jembe.

Kwetu Ukerewe kuna kazi ya Gerald Hartwig. Kitabu chake ni cha 1976, *The Art of Survival in East Africa*, na mwaka uliofuata alitoa sura katika kitabu cha Miers na Kopytoff, kuhusu namna utumishi ulivyobadilika kwa Wakerewe. Anaonyesha kwamba ule utumishi haukuwa kitu kimoja tangu enzi na enzi. Biashara ya mbali ilipokua, nao ukabadilika sura.

Sasa la nyumbani. Upande wa mama yangu, upo mlango wa ukoo ambao ukiuliza asili yake wazee wanakohoa. Bibi aliniambia mara moja tu, tukiwa tunapepeta mtama: "Hao walivuka wakati wa njaa." Njaa ilipiga ng'ambo, mzazi akavuka na mtoto, akarudi na chakula bila mtoto. Yule mtoto alikua kwetu, akalima kwetu, akazaa kwetu. Leo ni ndugu zetu na tunazikana. Lakini kwenye kugawana ardhi, mtu akikasirika, lile neno linatoka.

Ndiyo maana nimeguswa na wimbo wa bibi yako, Mjukuu wa Kisesa. Mpagazi ameacha wimbo. Yule mtoto wa ng'ambo ameacha kikohozi cha wazee.

#10 Mwaloni Kirumba

Dada, umenifanya nikae kitako.

#11 Mjukuu wa Kisesa

Binti Ukerewe, wabeja sana, yaani asante. Hilo swali la shamba sikuwahi kulifikiria. Kisesa nina shangazi mmoja tu aliyebaki wa kumuuliza. Nitamuendea.

#12 Kirangozi

Kwa kuwa Ukerewe imeingia, Kageye nayo isiachwe. Iko hapa mwambao, si mbali na mji. Machi 1875 Stanley aliishusha mashua yake, Lady Alice, majini pale. Watu wanakumbuka mashua na mzungu. Ile mashua ilifikaje kutoka pwani? Ilikatwa vipande, vikapanda mabegani mwa watu.

Na Speke alipoliona ziwa hapa Mwanza, Agosti 1858, alikuwa na Sidi Mubarak Bombay. Mtoto wa Kiyao, alikamatwa, akauzwa Kilwa, akavushwa hadi India, akarudi mtu huru, kisha akaongoza misafara ya wazungu watatu tofauti. Mtu mmoja huyo amekuwa mateka, mtumwa, kibarua na msimamizi. Mnamwandika kwenye safu ipi?

#13 Igombe Mvuvi

Kageye si ndiko alikokaa yule mfanyabiashara wa pwani aliyeuawa na Lukonge pamoja na wamisionari?

#14 Binti Ukerewe

Unamsema Songoro. Ndiyo, Kageye alikuwepo, lakini mauaji yalitokea kwetu Ukerewe, Desemba 1877. Wamisionari ni Smith na O'Neill. Na ugomvi ulikuwa wa Lukonge na Songoro, wamisionari wakaingia katikati. Mkitaja Lukonge mtaje vizuri, alikuwa mtawala mwenye hesabu zake na wageni.

#15 Igombe Mvuvi

Haya, nimepokea. Watu wa kisiwani hamguswi nyie.

#16 Mtoto wa Bukumbi

Salaam wakuu. Kwetu Bukumbi misheni ya mapadri weupe ilianza 1883. Mapadri wale walikuwa wakiwakomboa watumwa, hasa watoto, kwa kulipa. Wakawalea, wakawasomesha dini, wakawafundisha kilimo.

Katika ukoo wetu tunaamini mmoja wa wazee wa mwanzo alikuwa mtoto wa namna hiyo. Hatujui kwao. Alipewa jina la ubatizo, na jina la kwanza likapotea. Nimekulia katika shukrani kwa misheni na shukrani hiyo ninayo mpaka leo. Ila nilipokuwa mtu mzima nikajiuliza: mtoto aliyenunuliwa ili awe huru, akalima shamba la misheni mpaka akaoa mke aliyechaguliwa palepale, yeye mwenyewe aliliitaje lile? Na yule aliyepokea malipo, si alirudi kutafuta mtoto mwingine?

#17 Mwalimu wa Nyegezi

Swali hilo la mwisho waliulizana hata wao enzi zile. Upande mmoja unasema ukimkomboa mmoja umeokoa roho moja. Mwingine unasema umelisha soko. Mimi nimelisoma mara nyingi na kila mara nikimaliza nahamia upande wa pili.

Kuhusu wanawake na watoto, tafuta Marcia Wright, *Strategies of Slaves and Women*, cha 1993. Kimejengwa juu ya simulizi za maisha za wanawake wenyewe wa kusini-magharibi ya hapa. Ni kitabu chembamba, lakini utakisoma polepole.

#18 Nyakahoja Kijana

Swali dogo. Utumwa si ulikwisha 1873? Wajerumani walipokuja, watumwa gani tena?

#19 Kirangozi

1873 lilifungwa soko la Zanzibar na biashara ya baharini ikapigwa marufuku. Kumiliki mtu kuliendelea.

#20 Mwalimu wa Nyegezi

Niongezee hapo: Zanzibar utumwa uliondolewa kisheria 1897, na masuria wakasubiri hadi 1909. Bara, Wajerumani hawakuufuta. Walitoa amri kwamba mtoto atakayezaliwa na mtumwa baada ya tarehe 31 Desemba 1905 ni huru, na mtumwa mtu mzima aliweza kujikomboa kwa kulipa. Sheria ya kuufuta kabisa Tanganyika ni ya Waingereza, 1922.

#21 Nyakahoja Kijana

1922! Maana yake bibi yake bibi yangu alizaliwa utumwa ukiwa halali hapahapa. Hili shuleni sikulipata.

#22 Mzee wa Pamba

Ndilo ninalolipigania tangu mwanzo. Mnapekua tarehe kana kwamba kulikuwa na siku moja watu waliamka huru. Hesabuni yaliyofuata.

Kodi ya kibanda ilianza 1898. Ukitakiwa kodi ya fedha na huna fedha, utakwenda kuitafuta kwa aliyenayo. Vita vya kwanza vya dunia, watu wakakusanywa kubeba mizigo ya majeshi, wakafa kwa makumi ya maelfu, na maradhi yaliua kuliko risasi. Neno Kariakoo mnalolitamka kila siku mkienda Dar limetokana na hao wabebaji. Baada ya hapo mkonge: mtu anaandikishwa kwa mkataba, anapewa namba, anaitwa manamba. Ana kipande, yaani kadi ya siku 30 za kazi, na siku asiyomaliza kazi yake haihesabiwi. Wamiliki wa mkonge waliunda ofisi yao ya kuandikisha watu, SILABU, mwaka 1944. Someni Rodney, Tambila na Sago kuhusu hao, kazi yao ilitoka 1983. Na Shivji ana kitabu cha 1986 kuhusu sheria na wafanyakazi Tanzania. Sheria za kazi zinamsimulia bwana kuliko ukimwuliza bwana mwenyewe.

Wasukuma tuliponea kiasi kwa sababu ya pamba. Mtu mwenye pamba yake hakuwa na haja ya kwenda Tanga. Lakini nayo ilikuja na amri zake. Mama yangu alichapa matuta kwa amri ya bwana shamba miaka ya hamsini, na asiyefanya analipa faini. Wakulima walipochoka na mizani ya wanunuzi wakaunda vyama vyao, na 1955 vikaungana kuwa Victoria Federation chini ya Paul Bomani. Baba alikuwa karani wa mizani. Alikuwa akituambia kwamba siku ya kwanza mkulima alipoona jiwe la mizani linashikwa na mtoto wa jirani yake, alipima gunia lake mara mbili, si kwa shaka, kwa furaha tu.

#23 Kirangozi

Mzee, ya baba yako ni simulizi bora kuliko vitabu vyote tulivyotaja. Lakini sikubaliani na wewe kuviweka vyote kwenye kapu moja. Manamba aliteseka, ila mkataba ukiisha alirudi kwao, na mtoto wake hakuwa mali ya mtu. Yule mama aliyenunuliwa Tabora hakuwa na pa kurudi. Tukisema "vyote ni utumwa", tunamfuta yeye tena.

#24 Mzee wa Pamba

Na tukisema "huyu alikuwa na mkataba", tunamsafisha mwenye mkataba. Mimi na wewe tutakutana palepale kila siku.

#25 Mwaloni Kirumba

Nyie mkigombana sisi ndio tunafaidi. Jamani, neno kibarua nalo limetoka wapi? Sisi tunaoshusha magunia ya dagaa hapa tunaitwa hivyo kila siku.

#26 Mwalimu wa Nyegezi

Ni barua ndogo. Zamani huko pwani mtu wa kazi ya kutwa alipewa kikaratasi, jioni anakirudisha anapata malipo. Na wengi wa vibarua wa kwanza Zanzibar walikuwa watumwa waliokodishwa, ujira wanagawana na mabwana.

#27 Igombe Mvuvi

Hapo pa kugawana pamenigusa. Nimevua dagaa miaka 9, usiku wa giza, kwa taa za karabai na baadaye za sola. Mgao wetu ulikuwa hivi: mafuta na chakula vikishatolewa, tajiri wa mtumbwi nusu, nusu iliyobaki tunagawana watu wanne. Mwezi mbaya unamaliza na deni. Deni linakufunga kwa tajiri yuleyule msimu unaofuata, na ukihamia mwalo mwingine anapiga simu.

Sijawahi kujiita mtumwa na sitajiita. Niliondoka kwa miguu yangu nikanunua bodaboda. Lakini niliposoma #3, pale pa kwamba posho ikipunjwa tajiri anakuta kambi nusu, nilisimama. Tuliwahi kufanya hivyohivyo, alfajiri moja, wafanyakazi wa mitumbwi mitatu. Hatukujua kwamba tulikuwa na babu zetu kwenye jambo hilo.

#28 Ngoma ya Bujora

Nimechelewa uzi. Mjukuu wa Kisesa, huo wimbo wa bibi usiuache upotee! Yuko Frank Gunderson, aliyekusanya nyimbo za kazi za Wasukuma kwenye kitabu kizima, kimetoka 2010: nyimbo za wapagazi, za vikundi vya kulima, za wawinda nyoka na wawinda nungu, za pamba. Bugobogobo, ile ngoma unayoiona kwenye sherehe za Bulabo, majembe yakirushwa hewani, ilikuwa kazi kabla ya kuwa maonyesho. Vijana walilima shamba la mtu kwa ngoma, na malipo ni ng'ombe au chakula. Kwa hiyo huyo mpagazi hakujifunza kufanya kazi kwa kikundi kutoka kwa tajiri wa pwani. Alikwenda nayo.

#29 Nyakahoja Kijana

Mkuu, kwenye mashindano ya ngoma wewe ni wa kundi la Bagika au Bagalu? Tujue tunakuamini kwa kiasi gani.

#30 Ngoma ya Bujora

Bagalu, na tarehe za Bulabo unazijua. Njoo uone nani anazomewa.

#31 Mtoto wa Bukumbi

Vitabu vyote mlivyotaja ni vya Kiingereza. Shangazi yangu anasoma Kiswahili vizuri mno, yeye asome nini?

#32 Binti Ukerewe

Mpe *Uhuru wa Watumwa* cha James Mbotela, cha 1934. Baba yake alikuwa mmoja wa waliokombolewa na kuwekwa Freretown, Mombasa. Awe macho tu, Waingereza wanasifiwa sana mle ndani. Kwa upande wa kazi za bandarini, *Kuli* ya Adam Shafi, ya mgomo wa Zanzibar wa 1948.

Na wa kwetu, Aniceti Kitereza. Kitabu chake, *Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka*, alikimaliza kwa Kikerewe 1945, akakigeuza Kiswahili mwenyewe, kikachapwa 1980, mwaka mmoja kabla ya kufa kwake. Hakihusu utumwa. Lakini kulima, kuvua, kusonga ugali, kukaribisha mgeni, kila kazi imeelezwa na mtu aliyeifanya. Ukitaka kujua maisha ya kazi ziwani kabla ya haya yote, anzia pale.

#33 Mzee wa Pamba

Nakazia Kitereza. Ila ni kitabu kinene, shangazi awe na miwani mizuri.

#34 Mjukuu wa Kisesa

Wakuu, nimerudi. Samahani kwa kimya. Jumamosi nilikwenda kwa shangazi, nikampeleka na kijana na daftari lake.

Wimbo anaujua, beti mbili zaidi ya bibi. Kijana ameurekodi kwenye simu.

Kisha nikamuuliza swali la Binti Ukerewe: babu akiwa pwani, nani alilima? Akanyamaza. Akamtuma kijana maji. Alipotoka akaniambia safari ya pili babu hakurudi na vitambaa peke yake, alirudi na msichana. Alimpitia Tabora. Kaburi lake liko ng'ambo ya zizi, si pamoja na wengine, lile nililoambiwa tangu utotoni kwamba ni la "mgeni". Nilikuwa nikilichezea.

Nikauliza jina lake. Shangazi anasema walimwita kwa jina la mahali walikodhani ametoka, na hata hilo wazee walilitamka tofauti tofauti. Alizaa watoto wawili. Mmoja wao ni mama wa bibi yangu, yule mwenye wimbo.

Kijana aliporudi na maji alikuta tumenyamaza. Ananiuliza mpaka leo tulikuwa tunasema nini.

#35 Binti Ukerewe

Pole, na hongera, kaka. Andika majina yote mawili matatu ambayo shangazi ameyataja, hata kama hayafanani. Usichague.

#36 Kirangozi

Na zile beti mbili, ziandike kwa Kisukuma kwanza. Kuna aliyewahi kukiona kitabu cha Hartwig kwenye maktaba yoyote hapa mjini? Nipo tayari kugharamia nakala kivuli yake.

#37 Ngoma ya Bujora

Mjukuu wa Kisesa, mwulize shangazi kama wimbo ule ulikuwa wa wanaume au wa wanawake. Beti za kulalamikia posho waliimba wote, na wanawake nao walisafiri.

#38 Mjukuu wa Kisesa

Nitamuuliza. Sikuwa nimefikiria kwamba huenda ni wa kwake.